Tupeni Uchawi, Pimeni Udongo



Jina la mji wetu wa Sumbawanga hufasiriwa na watu wengi kuwa ni "tupa uchawi". Ni jina jema, nasi twalipenda. Lakini twauliza: je, uchawi umetupwa kweli? Maana hata leo, hapa Kizwite na katika vijiji vya uwanda wa Ufipa, mahindi yakidumaa yangali urefu wa goti, na majani yake yakapiga rangi ya zambarau, hakosekani mtu wa kunong'ona ya kuwa jirani ameyatazama kwa jicho baya. Mwingine, ajionaye ameelimika kumpita huyo, husema shamba limechoka. Wa tatu, mwenye fedha kidogo, husema mbolea haikutosha, akaenda dukani kununua mifuko mingine miwili. Sisi twasema ya kuwa wote watatu wamekosa katika jambo moja: hapana hata mmoja aliyepima.

Katika makala hii twataka kuthibitisha mambo mawili. La kwanza, ya kuwa ugonjwa mmoja mkubwa wa mashamba ya nyanda za juu una sababu ijulikanayo, nayo yaweza kuandikwa kwa tarakimu. La pili, ya kuwa hesabu ya kuipata tarakimu hiyo hufundishwa katika shule zetu za sekondari, kisha hufungiwa daftarini kama mfungwa, wala haitoki kwenda shambani. Jambo hili la pili ndilo linalotuudhi zaidi.

Tuanze na ugonjwa wenyewe. Kila udongo wa mfinyanzi una alumini ndani yake, madini yale yale yanayofanya sufuria za jikoni. Ikiwa imefungwa ndani ya mfinyanzi haina madhara yo yote. Lakini udongo ukiwa na asidi kali, alumini huyeyuka na kuingia katika maji yanayonywewa na mizizi. Hapo huwa sumu. Ncha za mizizi huacha kurefuka. Mizizi hunenepa, hukatika, hubaki juu juu. Mvua ikikosekana kwa majuma mawili tu, mahindi hayo hunyauka, kwa kuwa mizizi yake haikufika penye unyevu wa chini. Tena alumini hiyo huikamata fosfati ya mbolea na kuifunga, mimea isiipate. Ndiyo sababu majani hugeuka zambarau hata pale mbolea ilipotiwa. Mkulima hununua fosfati kwa fedha yake, na alumini huila.

Na asidi hiyo yatoka wapi? Haikuletwa usiku na mtu mwenye tunguri. Mvua ya miaka mingi imechukua chokaa na magnesi ya udongo na kuzishusha chini sana. Mavuno nayo huondoa sehemu yake kila mwaka, na magunia yakiisha kuuzwa mjini hairudi tena. Tena mbolea zenye amonia, kama vile salfeti ya amonia, urea na DAP, zikigeuzwa na vijidudu vya udongo huacha asidi nyuma yake. Hatusemi mbolea ni mbaya. Bila mbolea mkoa wetu wa Rukwa usingekuwa ghala la mahindi kama ulivyo. Twasema ya kuwa mwenye kutia mbolea hizo mwaka baada ya mwaka bila kupima asidi afanana na mtu anayekopa bila kuandika. Wahenga walisema: Mali bila daftari hupotea bila habari. Shamba nalo ni mali.

Sasa twaomba wasomaji wetu watuvumilie kidogo, maana twataka kuifanya hesabu hiyo hapa hapa mbele ya watu wote. Aliyesoma mpaka darasa la saba aweza kuifuata akisoma polepole.

Katika maji yote mna chembe za namna mbili zinazoshindana: chembe za asidi, yaani ioni za haidrojeni, na chembe za haidroksili. Hizi zikizidi, zile hupungua. Wingi wake hupimwa kwa moli katika lita moja. Ukizidisha wingi wa hizi kwa wingi wa zile, jawabu ni moja daima katika maji ya kawaida: 10⁻¹⁴, maana yake moja iliyogawanywa kwa 1 yenye sufuri 14. Kipimo kiitwacho pH ni njia fupi ya kuzihesabu sufuri za asidi. Maji ya pH 4 yana asidi 10⁻⁴. Maji ya pH 5 yana asidi 10⁻⁵. Saba ni katikati. Chini ya saba ni upande wa asidi, na juu yake ni upande wa alkali. Angalieni sana: kushuka kutoka 5 hadi 4 si kushuka kidogo. Asidi imezidi mara 10.

Basi, chembe moja ya alumini hushikana na chembe 3 za haidroksili, zikafanya haidroksidi ya alumini, ambayo haiyeyuki ila kidogo mno, hutuama kama mashapo meupe. Vitabu vya kemia hutupa sheria yake. Chukua wingi wa alumini iliyoyeyuka, uzidishe kwa wingi wa haidroksili, uzidishe tena, uzidishe mara ya tatu. Jawabu haliwezi kupita kiasi cha karibu 10⁻³³. Likipita, alumini hutuama mpaka mizani irudi mahali pake. Hiyo ndiyo sheria yote.

Tuijaribu kwa udongo wa pH 4. Asidi ni 10⁻⁴, kwa hiyo haidroksili ni 10⁻¹⁰. Haidroksili ikizidishwa yenyewe kwa yenyewe mara tatu hupatikana 10⁻³⁰. Gawanya 10⁻³³ kwa 10⁻³⁰, utapata 10⁻³, yaani sehemu moja ya elfu ya moli. Moli moja ya alumini ina uzito wa gramu 27; basi lita moja ya maji hayo yaweza kuchukua miligramu 27 za alumini iliyoyeyuka.

Tuijaribu sasa kwa pH 5. Haidroksili ni 10⁻⁹. Ikizidishwa mara tatu ni 10⁻²⁷. Ukigawanya, alumini ni 10⁻⁶ ya moli, yaani miligramu 0.027 katika lita. Tazameni, ndugu! Tumepanda hatua moja tu ya pH, na sumu imepungua mara 1,000. Kwa nini elfu? Kwa sababu haidroksili imeongezeka mara 10, na sheria yataka izidishwe mara tatu: 10 kwa 10 kwa 10.

Na mtu akitaka kuanza kwa upande wa pili aweza. Aseme: nataka alumini isizidi 10⁻⁵ ya moli, yaani miligramu 0.27 katika lita. Je, nahitaji pH gani? Agawanye 10⁻³³ kwa 10⁻⁵, apate 10⁻²⁸. Atafute kipeuo cha tatu, yaani agawanye 28 kwa 3, apate 9.33. Atoe 9.33 katika 14, abakiwe na 4.67. Hiyo ndiyo pH ambayo hapo alumini yake huanza kutuama. Hesabu imekwisha. Haikuhitaji mashine wala safari ya Dar es Salaam.

Tunajua watakaosema: "Shamba si chupa ya maabara. Hesabu hiyo haifai udongoni." Hoja hii twaikubali nusu, na nusu twaikataa. Ni kweli ya kuwa alumini ina maumbo mengine iyeyukapo, mbali na hilo tulilolihesabu, na ya kuwa kile kiasi cha 10⁻³³ hubadilika kidogo kwa kadiri mashapo yalivyo mapya au ya zamani. Ndiyo sababu wataalamu wa kilimo hawasimami kwenye 4.67, bali huongeza, wakasema mahindi na maharage yapate udongo wa karibu pH 5.5 au zaidi. Lakini tazameni jinsi hesabu ya daftarini na uzoefu wa shambani vinavyokutana njia moja! Hesabu yatuambia ya kuwa hatari kubwa iko chini ya 5. Shamba latuambia tujiwekee akiba mpaka 5.5. Mtu asiyejua hesabu hujua agizo tu. Aijuaye hujua pia kwa nini agizo lilitolewa, wala hadanganywi na mwuzaji.

Na asiyeamini kabisa ya kuwa sheria za namna hii zafanya kazi nje ya maabara, na autazame udongo mwekundu alioukanyaga. Chuma kilichokutana na hewa kina sheria kama hiyo, ila kiasi chake ni kidogo zaidi, karibu 10⁻³⁸. Kwa pH 5, gawanya 10⁻³⁸ kwa 10⁻²⁷, utapata 10⁻¹¹ tu ya moli. Maana yake ni ya kuwa chuma hicho hakiyeyuki kwa mvua yetu. Mvua ikachukua chokaa ikaenda nayo. Chuma kikabaki, kikaupaka udongo rangi yake. Wazee wa Ufipa walilichimba jiwe hilo lenye chuma, wakaliyeyusha katika matanuru marefu ya udongo yaitwayo malungu, ambayo mabaki yake yangali yasimama katika nchi yetu. Majembe yaliyolima uwanda huu yalitoka katika hesabu hiyo hiyo, ingawa wafua chuma hawakuiandika.

Wala wazee hao hawakuwa wajinga katika kilimo. Walifukia majani katika matuta ya mviringo, yale yaitwayo intumba, yakaoza humo. Leo twajua ya kuwa majani yaliyooza huishika alumini na kupunguza ukali wake. Majivu nayo, kwa kuwa yana chokaa na magadi, hupunguza asidi. Basi tusidanganywe na mtu asemaye ya kuwa mambo ya asidi ni ya kigeni. Dawa zilikuwako hapa. Kilichokosekana ni kipimo, ili mtu ajue dawa imetosha au haijatosha.

Lakini wako watu ambao hawakuiacha hesabu hii daftarini. Nao ni wenye viwanda. Kule Kasese, Uganda, yalikuwako marundo ya mabaki ya mgodi wa shaba wa Kilembe. Mwaka 1999 kiwanda kilianza kuyatoa madini ya kobalti ndani yake. Waliyayeyusha kwa asidi, kisha wakatia mawe ya chokaa yaliyosagwa ili chuma kitangulie kutuama na kobalti ibaki majini. Katika Katanga, nchini Kongo, hata leo kobalti huuzwa ng'ambo ikiwa haidroksidi. Chuma hutolewa kwanza kwa pH ndogo ya karibu 3 au 4, na kobalti hutuamishwa baadaye kwa pH ya karibu 8. Je, mwadhani watu hao hukisia? Wakikisia, mali yao yote itatuama pamoja na taka. Wao wana mtu wa kupima usiku na mchana. Sasa twauliza: kwa nini hesabu imtajirishe mwenye kiwanda, na mtoto wa mkulima aliyeisoma hesabu hiyo hiyo aione kuwa kazi ya mtihani tu?

Hapo twawageukia wenzetu waalimu, nasi twasema kwa upendo lakini bila kuficha. Twafundisha ya kuwa "mashapo meupe yatuama", mwanafunzi aandika, apata alama, asahau. Hatumwambii ya kuwa mashapo hayo yako chini ya jembe la mama yake. Mtoto aweza kukariri sheria yote ya haidroksidi, akarudi nyumbani likizo, akamkuta baba yake agombana na jirani kwa ajili ya mahindi yaliyodumaa, naye asiwe na neno la kusema. Elimu ya namna hiyo ni taa iliyowashwa ikafunikwa kwa pishi. Wengine hujitetea wakisema shule haina vifaa. Kweli, vifaa ni haba. Lakini karatasi za rangi za kupimia pH ni vitu vidogo, na hesabu yenyewe yataka kalamu tu.

Tena jambo hili si la chakula peke yake. Ni la roho pia. Katika nchi yetu wazee, hasa akina mama, wameuawa kwa tuhuma za uchawi. Tuhuma huanza na neno dogo: mtoto ameugua, ng'ombe amekufa, shamba halikuzaa. Mkristo asemaye ya kuwa shamba lake limeharibiwa na jirani, hali hakupima udongo wake, ameivunja amri inayokataza kumshuhudia mtu uongo. Bwana wetu alipotoa mfano wa mpanzi, mbegu zilikuwa namna moja. Tofauti ilikuwa ya udongo. Wala hatusomi katika mfano ule ya kuwa mpanzi alimtafuta mchawi.

Sasa, tufanye nini? Twajua ya kuwa makala ya kulaumu tu ni kama mvua ya mawe, ina kishindo lakini haioteshi kitu.

Kwanza, pimeni kabla ya kununua. Chukueni udongo kidogo kwa kina cha sentimita 20 katika mahali pengi pa shamba moja, mahali 10 au 15, mchanganye pamoja katika ndoo safi, mkaushe kivulini, mtoe nusu kilo. Msichanganye udongo wa mlimani na wa bondeni, wala msichukue penye majivu ya moto au zizi la zamani. Kituo cha utafiti wa kilimo cha Uyole, Mbeya, na Chuo Kikuu cha Sokoine cha Morogoro hupima udongo. Kikundi cha jumuiya au cha ushirika chaweza kupeleka mifuko mingi kwa safari moja.

Pili, msichanganye pH na kiasi cha chokaa. Hapa ndipo wengi watakapokosea. pH hutuambia tulipo na tunapotaka kufika. Haituambii safari ni ndefu kiasi gani. Udongo wa mfinyanzi huficha asidi nyingi ndani yake, huitoa kidogo kidogo kama mchoyo. Wa kichanga hauna akiba kubwa. Mashamba mawili yenye pH 4.6 yaweza kuhitaji chokaa tofauti kabisa. Kwa hiyo waulizeni wapimaji si pH tu, bali na kiasi cha chokaa kinachotakiwa. Mara nyingi huwa tani moja au zaidi kwa hekta. Na tani moja kwa hekta ni karibu kilo 400 kwa ekari, yaani mifuko 8 ya kilo 50. Si jambo la kurusha kwa kiganja.

Tatu, jueni mnachonunua. Chokaa ya shamba ni mawe ya chokaa yaliyosagwa laini. Chokaa iliyochomwa, ya kupaka nyumba, ni kali, huunguza mikono na macho, wala haitiwi kwa kipimo kile kile. Jasi ni nyeupe nayo, lakini haiondoi asidi. Atakayewauzia jasi kwa jina la chokaa ya kuondoa asidi amewaibia. Chokaa itiwe mapema kabla ya kupanda, ichanganywe vema na udongo, maana haiyeyuki upesi.

Nne, msipite kiasi. Aliyesikia ya kuwa chokaa ni dawa asidhani ya kuwa nyingi ni dawa zaidi. Ukipandisha pH kupita 7, zinki, manganizi na chuma huadimika kwa mimea, nayo huugua kwa njaa ya namna nyingine. Tena ukipita 8 au 9, alumini huanza kuyeyuka upya kwa umbo jingine.

Tano, na hili ni la serikali na wafanya biashara: chokaa ni mzigo mzito na wa bei ndogo, kwa hiyo nauli ndiyo inayoiua. Mawe ya chokaa yako Songwe, karibu na Mbeya. Kutoka Tunduma mpaka Sumbawanga ni zaidi ya kilomita 200. Ikiwa mbolea imepewa ruzuku ili imfikie mkulima, haki yataka chokaa nayo ifikiriwe. Kumpa mtu mbolea ya fosfati katika udongo wa pH 4.5 bila chokaa ni kumwaga maji katika pakacha.

Ndugu wasomaji, hatukusema ya kuwa kila shamba linalokataa kuzaa lina alumini. Pengine ni viwavi, pengine ni mbegu mbovu, pengine ni palizi iliyochelewa, pengine ni nitrojeni kupungua. Hiyo ndiyo sababu kubwa zaidi ya kupima, maana mwenye kupima hujua, asiyepima hubahatisha. Shamba la pH 6 ambalo halikuzaa halihitaji chokaa. Na shamba la pH 4.4 halihitaji mganga.

Mvua za uwanda wetu huanza Novemba. Chokaa yataka kutangulia mvua, na kipimo chataka kutangulia chokaa. Basi mwezi wa kuchukua udongo si ule ambao mahindi yamekwisha kudumaa. Ni sasa, makapi ya mavuno yangali shambani. Aliye na mtoto wa sekondari na amwite, ampe kalamu, amwambie afanye hesabu ya 10⁻³³ mbele ya baba na mama. Akiijua, mshukuruni Mungu, mwende naye shambani. Asipoijua, mje mtuulize sisi waalimu tumefundisha nini.